Majivu ya Mlangoni

Sajini Albano Mnonji alipokewa na harufu kabla hajapokewa na mtu. Moshi wa maganda ya korosho ulikuwa umetanda juu ya mapaa ya Mtoni, ukiwasha pua na kuliza macho, na Albano, aliyezaliwa Masasi na kulelewa na mama mbanguaji, alijikuta anatabasamu peke yake barabarani. Wenyeji wa Temeke waliulaani moshi ule kila kukicha. Yeye alitamani asimame auvute kidogo zaidi, ila alikuwa kazini, na kazi yenyewe haikuwa ya kuchekea.

Kisa chenyewe kilikuwa hivi. Katika kiwanda cha Bwana Sadallah, wanawake wanaobangua korosho walikuwa na chumba cha kulazia watoto wao wachanga, ili mama apate kukimbia mara moja kunyonyesha na kurudi mezani. Bwana Sadallah alipokifunga, wanawake walikwenda mahakamani, wala hawakwenda kwa woga, maana Mwongozo wa chama, uliotetea wafanyakazi, ulikuwa umetoka mwaka uliopita na kila mfanyakazi alikuwa ameshasikia redioni kwamba naye ni mtu. Hakimu akatoa amri ya muda: mpaka kesi iishe, chumba kiwe wazi, na kila mama apewe nafasi ya kunyonyesha asubuhi na alasiri.

Baadaye mbanguaji mmoja, Adelina Chilumba, alirudi kwa hakimu akaapa kwamba amri ile imetupwa jalalani, chumba hakikufunguliwa, na tajiri anaidharau mahakama. Bwana Sadallah naye akaleta kiapo chake, na hakikuwa cha mtu wa ofisini. Kilikuwa cha bibi mlezi wa watoto, Mwanakombo binti Shomari, aliyeapa kwamba watoto wako naye kila siku ya kazi na hakuna hata mmoja aliyekosa ziwa la mama yake.

Hakimu alivisoma vyote viwili mbele ya Albano, kisha akavua miwani.

"Mmoja wa hawa wanawake ananidanganya," alisema. "Ikiwa ni bibi, basi tajiri amemlisha maneno, na tajiri atalala ndani. Ikiwa ni Adelina, basi atakwenda jela yeye, na mtoto wake mgongoni. Nenda ukaone kwa macho yako, Sajini. Kesho nataka jibu."

Na mtoto wake mgongoni. Maneno hayo ndiyo yaliyofuatana na Albano mpaka langoni.

Adelina mwenyewe alikuwa pale pale nje ya lango, ameketi juu ya tofali, mtoto amelala mapajani. Tangu alipopeleka malalamiko alikuwa amesimamishwa kazi, lakini alikuja kila siku, akisema asipoonekana watasema amekimbia. Alikuwa kijana bado, uso mwembamba, vidole vimebabuka kwa mafuta ya maganda kama vya wabanguaji wote.

"Dada Adelina, chumba kimefungwa?"

"Kilifungwa, afande. Hakikufunguliwa."

"Bi Mwanakombo ameapa kwamba watoto wako naye."

Adelina alimtengeneza mtoto kofia ambayo haikuwa imekaa vibaya. "Bi Mwanakombo si mtu wa kusema uongo."

"Basi mwongo ni wewe?"

"Sijasema hivyo."

"Sasa watoto wananyonya wapi?"

Gari la mizigo lilipita, vumbi likawafunika wote wawili, na Adelina akamkinga mtoto kwa upande wa khanga.

"Afande, mie nimeapa habari ya chumba. Niulize habari ya chumba."

"Unajua ukionekana mwongo utafungwa?"

"Najua."

"Na huyu?"

"Atakwenda na mie. Bado ananyonya."

Alisema hivyo kwa upole kabisa. Alikuwa amehoji wezi wa mifugo, matapeli wa viwanja, na mtu mmoja aliyeiba kengele ya kanisa. Wote hao, wakificha jambo, walikuwa wanajificha wenyewe. Huyu alikuwa ameshajitoa nje mzima mzima. Kama alificha kitu, alikuwa anamficha mtu mwingine.

Lango lilifunguliwa na msimamizi wa kiwanda, Gozbert, mtu mrefu wa Bukoba, kauso kakavu, koleo limechomekwa mfuko wa nyuma. Hakusalimia zaidi ya kulazimika. Alimwongoza Albano mpaka kwa tajiri bila kugeuka.

Bwana Sadallah, yeye, alikuwa asali tupu.

"Karibu, Ndugu Sajini, karibu sana! Kahawa? Hutaki? Haya, twende ukaone. Sie huku amri ya serikali tunaiweka kichwani kama kofia."

Chumba kilikuwa safi hata kikatia mashaka. Kuta nyeupe, mikeka mipya imetandikwa, vyandarua vimefungwa juu, na katikati yake bibi kizee mnene mweusi ti, ukaya wa kichwani umemteleza, watoto wamemzunguka kama vifaranga. Mmoja alikuwa anavuta hereni yake, mwingine amelala kifuani pake mdomo wazi. Albano alipitisha kiganja ukutani. Kilirudi cheupe.

"Chokaa hii ya lini, Bwana Sadallah?"

"Usafi ni katika imani, Sajini. Au kupaka chokaa nako ni kudharau mahakama?"

Jibu lilikuwa zuri. Alichuchumaa mbele ya bibi.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mwanangu. Kaa, kaa, usiwe mgeni."

"Kiapo hiki ni chako?"

"Dole langu hilo. Limekaa upande kwa sababu nilikuwa nimembeba mtoto."

"Watoto wako nawe kila siku?"

"Kila siku ya kazi."

"Na wananyonya?"

"Mwanangu, nawe una macho. Hayo ni mashavu ya njaa?"

Albano alicheka, hakuweza kujizuia. Kisha akafanya jambo ambalo upelelezi wake wote wa miaka ile haukumfundisha, ila alilifundishwa na watoto wa dada yake. Alimnyanyua mmoja. Mtoto alimtazama kofia, akakunja uso, akapiga ukelele wa kupasua bati. Bi Mwanakombo alinyoosha mikono tu, na mtoto alipotua kwenye mikono ile alinyamaza papo hapo, akaweka kichwa mahali pake.

Mtoto hadanganyi. Huyu bibi hakuletwa jana kuja kuigiza mlezi. Watoto walimjua kwa harufu, kwa sauti, kwa mapigo ya moyo. Alikuwa nao kila siku kama alivyoapa. Na kama hilo ni kweli, basi pale nje juu ya tofali palikuwa na mwongo, na jela ilikuwa inamsubiri. Albano alijiona mzito. Bwana Sadallah alimsoma uso, akajipapasa ndevu.

"Umeona, Sajini? Yule dada ana matatizo yake. Mie simchukii. Sheria tu ichukue mkondo wake."

Ndipo kengele ya kunyonyesha ilipolia.

Wanawake walikuja mbio kutoka banda la kubangulia, khanga zimefungwa viunoni, mikono wameitanua mbali na miili yao, na walipomwona askari mlangoni walipunguza mwendo, kisha ulimi ukawatoka.

"Heh! Afande naye kaja kunyonya? Foleni inaanzia kule!"

"Mwacheni, labda mama yake alimwachisha mapema!"

Albano aliona aibu mpaka masikioni, akasogea pembeni. Wa kwanza kufika alikuwa mwanamke wa maji ya kunde aliyekuwa na kovu jipya begani. Wenzake walimwita Zuena. Alipofika kizingitini hakuingia moja kwa moja. Aliinama kuliani, bila kutazama, mkono ukashuka chini kuelekea kitu fulani, na vidole vikagota sakafuni.

Hapakuwa na kitu.

Alibaki ameinama vile vile, kama mtu aliyekanyaga ngazi ambayo haipo. Akatazama kiganja chake, cheusi, kinang'aa mafuta. Akakipangusa kwenye khanga, akaona haitoshi, akasimama hajui la kufanya, na mtoto wake ndani ameshasikia sauti yake na kuanza kulia. Wa pili akafika. Akainama kuliani. Mkono ukashuka, ukakosa. Wa tatu naye vivyo hivyo.

"Mkaoshe bombani, wanangu," alisema Bi Mwanakombo kwa sauti ndogo, na kwa mara ya kwanza asubuhi ile hakumtazama Albano machoni.

Mtu wa Dar asiyejua korosho angeona wanawake watatu wameinama na kuinuka. Albano alimwona mama yake. Ganda la korosho lina mafuta makali yanayochuna ngozi ya mtu mzima, sembuse ya mtoto. Mbanguaji hujipaka majivu kabla ya kubangua, na akimaliza husugua tena majivu safi, ndipo anawe. Majivu ya mezani hayafai, yameshalowa mafuta. Kule Masasi kopo la majivu safi lilikaa mlangoni, na mama yake alikuwa na neno moja asilochoka kulirudia: mkono wa korosho haumgusi mtoto bila majivu. Hakuna chumba cha watoto wa wabanguaji kisicho na kopo hilo. Mwenye chumba anaweza kusahau chandarua, hata mkeka, lakini kopo mama mwenyewe angelileta siku ya kwanza.

"Bwana Sadallah," alisema Albano, "majivu mnaweka wapi?"

"Majivu gani?" Tajiri alikunja uso. "Ndugu Sajini, chumba cha watoto kiwe na majivu? Humu hamna uchafu."

Albano alishukuru kwa moyo wote. Jibu hilo moja lilitosha kumwambia kwamba chumba kile hakikuwahi kutumika tangu amri itoke. Lakini ile mikono je? Mikono mitatu, yote kuliani, yote kwa kimo kile kile. Mikono haikubahatisha. Kopo lilikuwapo, kila siku, kulia kwa mlango, ila mlango wenyewe ulikuwa mwingine. Watoto walikuwa wananyonya, Bi Mwanakombo alikuwa nao, na chumba kilikuwa kimefungwa. Wanawake wote wawili waliapa kweli.

Aliomba ruhusa ya kuzunguka kiwanda. Nyuma ya uwanja wa kuanikia, pale magunia yalipokuwa yamerundikwa haraka haraka bila mpango, palikuwa na ua wa mabati. Bati moja lilikuwa na alama za viganja, nyeusi juu ya nyeusi, za mikono mingi iliyolisukuma. Albano alilisukuma nalo likafunguka. Alipopitisha bega alitarajia kukatwa, maana bati lililong'olewa lina makali ya wembe. Hakukatwa. Ukingo wote, kutoka juu mpaka chini, ulikuwa umekunjwa kwa ndani kwa uangalifu na kulazwa bapa, na kwenye mkunjo palikuwa na alama ndogo ndogo za meno ya koleo.

Albano alilitazama kunjo lile kitambo kirefu, kisha akapita.

Upande wa pili palikuwa na uchochoro, na ng'ambo ya uchochoro nyumba ya udongo ya vyumba viwili, baraza limesakafiwa. Kwenye kamba zilianikwa nepi nyingi kuliko za nyumba moja. Mlangoni, upande wa kulia, kulikuwa na mtungi wa maji na kata yake. Kando ya mtungi, kopo la samli lililojaa majivu meupe, yaliyochekechwa laini kama unga.

Albano aliketi barazani kumsubiri mwenye nyumba.

Bi Mwanakombo alirudi alasiri, kwa njia kuu, akitembea taratibu kwa sababu ya magoti. Alimwona Albano, akaliona na kopo, akajua. Hakupiga kelele wala hakukimbia. Aliingia ndani akatoka na sahani ya muhogo wa kuchemsha, akaiweka kati yao.

"Kula kwanza. Mgeni hamhoji mwenyeji akiwa na tumbo tupu."

Albano alikula. Muhogo ulikuwa mtamu, na alisema hivyo.

"Walipofunga kile chumba," alianza bibi, macho yake kwenye nepi, "wakakijaza magunia, watoto walikuwa wanaletwa langoni wanalia, na mama zao wanawasikia kutoka mezani. Kina mama wamekaa hapo wanabangua, maziwa yanawatoka yenyewe mpaka khanga zinalowa. Mie Mungu hakunijaalia kuzaa, mwanangu. Nimelea wa watu, na wa watu wakawa wangu. Nikasema wacha walete huku. Bati lilikuwa limeshaoza upande, wenyewe wakalimalizia. Kengele ikilia, wanapita, wananyonyesha, wanarudi."

"Na kiapo?"

"Bwana Sadallah alikuja mwenyewe. Kakaa hapo hapo ulipokaa wewe. Akaniuliza watoto wako nawe kila siku? Nikasema wako. Wananyonya? Nikasema wananyonya. Akasema weka dole hapa, mahakama iridhike, watoto warudi chumbani. Nikaweka."

"Kwa hiyo alijua kwamba wako hapa?"

"Alijua! Mmoja alikuwa anatambaa juu ya kiatu chake." Alitaka kucheka, kicheko kikamwishia njiani. "Akaniambia, bibi, mwanamke anayetoka kazini kwa tundu anafukuzwa siku hiyo hiyo. Mie sijaona tundu. Na wewe usilione. Leo alfajiri akatuma niitwe, niwapeleke watoto chumbani."

"Bibi, unajua Adelina anaweza kufungwa?"

Mkono uliokuwa unapangusa sahani ulisimama.

"Adelina? Kafanya nini?"

"Aliapa kwamba chumba kimefungwa. Wewe umeapa watoto wako nawe. Mahakama inaona mmoja ni mwongo, na mwenye chumba safi ni tajiri. Adelina hataki kuitaja nyumba hii. Nimemwuliza, amekataa. Anawaogopea wenzake."

Bi Mwanakombo aliufunika uso kwa ukaya. Alilia bila sauti, mabega tu yakitikisika, na Albano hakujua mikono yake aiweke wapi. Mwisho aliuweka mmoja juu ya mkono wa bibi, ukabaki hapo.

"Alipokwenda mahakamani nilimgombeza," alisema bibi kutoka nyuma ya ukaya. "Nikamwambia, si wananyonya? Unatafuta nini tena? Akanijibu, bibi, sie tunanyonyesha kama wezi. Mwanangu akikua akaniuliza alinyonya wapi, nimwambie kwenye tundu la ua?" Alijifuta. "Sasa niambie, wewe uliyesoma. Nikinyamaza, Adelina anakwenda jela na mtoto. Nikisema, wote waliopita bati lile wanafukuzwa. Nimwache mtoto yupi?"

"Amri nimeisoma, bibi. Inasema kila mama apewe nafasi ya kunyonyesha asubuhi na alasiri. Nafasi ile ni yao, wamepewa na hakimu. Hawakutoroka kazi. Walinyimwa chumba tu."

"Wewe ni hakimu?"

"Hapana."

"Basi huwezi kuniahidi."

Albano angeweza kusema neno la kumpoza. Askari wengi wangesema. "Siwezi," alijibu.

Uso wa bibi ulilegea. "Afadhali wewe. Yule mwingine aliniahidi."

"Nikuulize jambo la mwisho. Ukingo wa bati ulikunjwa na nani?"

"Hatujui. Siku ya kwanza bati lilimkata Zuena begani, damu ikamtoka vibaya. Kesho yake tukakuta limekunjwa. Sie tukasema ni malaika."

"Malaika mwenye koleo," alisema Albano, akasimama akavaa kofia.

Asubuhi ya pili chumba cha mahakama kilijaa khanga. Wabanguaji wasiokuwa zamu walikuja na watoto wao, na hakimu, ambaye alikuwa na desturi ya kutoa nje kila anayepiga chafya, alivumilia vilio vile bila kuinua uso. Adelina alisimama upande mmoja, mtoto mgongoni. Upande wa pili alisimama Bwana Sadallah, ananukia marashi, na nyuma yake Gozbert. Bi Mwanakombo aliingia wa mwisho, amekumbatia kitu kilichofunikwa kwa kitambaa.

Albano alitoa taarifa yake. Alisema habari za chokaa, za mikono iliyoinama, za bati, na za nyumba ya ng'ambo. Bibi akaulizwa naye akasema yote, sauti inatetemeka lakini haikatiki. Alipofika kwenye mtoto aliyetambaa juu ya kiatu, watu walicheka, na Adelina akaangua kilio.

"Bibi, kwa nini umesema?" alilia. "Watafukuzwa!"

"Nawe ni mtoto wangu," alisema Bi Mwanakombo. "Ulifikiri nitakuacha?"

Bwana Sadallah alisimama, uso umejaa huzuni ya kuazima. "Mheshimiwa, nami nasikia leo habari ya tundu! Bibi kazeeka, anachanganya mambo. Lakini kama ni kweli watu walitoroka kazi, basi mwajiri naye ana haki zake. Hao wote ni watoro."

Chumba kizima kiliguna. Albano hakumtazama tajiri. Alimtazama mtu mrefu aliyekuwa nyuma yake.

"Naomba Mheshimiwa amwulize msimamizi wa kiwanda swali moja," alisema. "Koleo lake lina meno yanayolingana na alama za kunjo la bati lile. Alilikunja kwa nini?"

Gozbert alitazama sakafu, akatazama kovu la Zuena, akatazama tena sakafu. Bwana Sadallah aligeuka taratibu.

"Gozbert," alisema kwa sauti ya chini, na asali yote ilikuwa imekwisha.

"Lilimkata mtu, Mheshimiwa," alisema Gozbert. "Mimi ndiye niliyemwambia tajiri kwamba kuna tundu. Niliomba tuzibe, tuwafungulie chumba. Akasema niliache wazi. Wakishinda kesi, tuwafukuze kwa hilo. Basi niliacha. Ila kuacha likatekate watu, hilo sikuliweza. Nilirudi na koleo wakati wa mapumziko. Na alipopata habari kwamba Sajini anakuja, ni mimi niliyetoa magunia na kupaka chokaa. Hilo nalo nalikiri."

"Kwa nini hukusema mapema?" aliuliza hakimu.

"Nina kazi, Mheshimiwa. Nami nina mtoto."

Hakimu aliandika, watoto wakilia. Kisha akaweka kalamu chini.

"Viapo vyote viwili ni vya kweli," alisema. "Aliyetumia kweli ya mmoja kumfunga mwingine ndiye aliyeidharau mahakama hii, na kuidharau kwa akili nyingi. Wanawake waliopita kwenye bati walitumia nafasi niliyowapa mimi. Atakayemfukuza hata mmoja kwa hilo atakuwa amenifukuza mimi. Adelina arudi kazini leo, na msimamizi asiguswe. Bwana Sadallah, leo kuna milango miwili: wa chumba cha watoto na wa rumande. Jua halitazama kabla mmoja haujafunguka. Ukichagua wa kwanza, nitakuona kesho tuzungumze adhabu. Sajini ataniletea habari ya ulichochagua."

Bwana Sadallah alichagua. Watu wa aina yake hawachelewi kuchagua.

Alasiri Albano alisimama mbele ya kiwanda, moshi unamwasha macho, akawatazama wakiingia. Walipita lango kuu, wote, na Gozbert ndiye aliyelishika wazi. Mbele alikuwa Bi Mwanakombo, ameukaza ukaya kichwani na juu yake kopo la samli, mkono mmoja umelishika, magoti yanamgomea, na hakumkubalia mtu yeyote amsaidie. Alifika kwenye chumba cheupe. Aliliweka kopo chini, kuliani, akalisogeza kidogo kwa mguu, akalitazama, akalisogeza tena.

Kengele ilipolia, Adelina alikuwa ameshabangua kidogo tu, lakini mikono ilikuwa imekwisha kuwa myeusi. Alikuja mbio na wenzake. Alifika kizingitini na macho yake yalikuwa ndani, kwa mtoto wake aliyekuwa anampigia kelele kutoka kifuani kwa bibi. Aliinama bila kutazama. Mkono ukashuka.

Ukazama kwenye majivu mpaka kiganjani.

Adelina alisimama hapo, amesahau kuinuka, majivu yamemjaa vidoleni, analia na kucheka. Nyuma yake foleni ikaanza kunung'unika.

"Nawa basi, mwanamke!" alisema Zuena. "Na wenzio tuna watoto."